Kura ya dawa mjini Beni
Mwaka 2019, nilipokuwa nikiwasomea wagonjwa wa Ebola na jamaa zao fomu ya ridhaa ya kuingia kwenye jaribio la dawa mjini Beni, mashariki mwa Kongo, mama mmoja aliniuliza kwa nini kura ndiyo iamue, wala si daktari, mwanawe apewe ipi kati ya dawa nne za majaribio. Nilimjibu kwamba hakuna aliyejua iliyo bora. Jibu la kweli, ingawa kavu mno kwa mzazi anayemtazama mtoto kupitia ukuta wa plastiki. Mwezi Agosti jaribio lilisitishwa mapema, kwa kuwa mbili kati ya dawa hizo nne, mAb114 na REGN-EB3, zilikuwa zikiokoa wengi zaidi, na waliofuata wakapewa hizo tu. Uamuzi huo ulikuwa wa haki, lakini ridhaa ya mtu mwenye homa kali, asiye na njia nyingine, bado nasita kuihesabu kuwa ya hiari kamili.