Pamba ya Bt na funza asiyekufa

Tangu Kenya iidhinishe pamba ya Bt mwishoni mwa 2019, wapo wanaoamini kwamba ukishanunua mbegu hiyo, bomba la dawa unalitundika ukutani. Hapana. Jeni ya bakteria Bacillus thuringiensis (ndiyo hiyo Bt) iliyotiwa humo huufanya mmea utengeneze protini inayoua aina chache za viwavi, hasa funza wa vitumba. Vidukari, chawa-jani, inzi weupe na kangambili hawadhuriki nayo hata kidogo.

Kwa hiyo kagua kila wiki. Kata shamba pembe kwa pembe, simama kwenye mimea kama 30, funua machipukizi ya maua na vitumba. Ukikuta mayai, au vifunza vyembamba kama uzi, usikimbilie dawa: lazima funza ale kwanza ndipo protini itoboe utumbo wake. Huacha kula baada ya saa chache, akafa siku mbili tatu baadaye. Wa kutia shaka ni funza aliyefika sentimita moja na bado anatafuna. Huenda mmea hauna jeni, au umezeeka na protini imepungua (hushuka baada ya siku 100 hivi), au funza amekuwa sugu.

Usugu huo India wanaujua. Walianza pamba ya Bt mwaka 2002 na kanuni ikawa wazi: pamba ya kawaida asilimia 20 ya shamba, au mistari mitano kuzunguka shamba lote, kutegemea ipi ni kubwa. Wakulima wengi waliona huko ni kuwafuga wadudu, wakaiacha. Kweli ni kuwafuga, na ndiyo kazi yake: nondo (ndio funza waliokomaa) wachache walio sugu wapate wenza wasio sugu, watoto wao wafe kwenye Bt. Bila mistari hiyo sugu alimpata sugu mwenzake, na pamba iliyoachwa shambani miezi mingi ikawaongezea vizazi. Funza wa waridi, mmoja wa funza wa vitumba, akashinda.

Kosa jingine ni kurudia mbegu. Nyingi ni chotara, zao la aina mbili tofauti; ukipanda ulichovuna, takriban robo ya mimea hutoka bila jeni, na mingine hutofautiana kwa kimo na siku za kukomaa. Kwa macho huwezi kuitambua isiyo na jeni, hadi funza akutangulie.