Yeremia 29 na wale maprofesa watatu wasioelewana

Nimeganda kwenye Yeremia 29 na sioni dalili ya kutoka leo wala kesho. Nasoma sura yote kwanza, Biblia peke yake, halafu ndo nafungua komentari, yaani vitabu vya wasomi vya kufafanua Biblia, na kila nikisema sasa namaliza nahamia ya 30 kuna kitu kinanirudisha nyuma. Kwa hiyo naandika hapa ili nijipange kichwani maana vitu vimekuwa vingi.

Sura yenyewe ni barua ya nabii Yeremia kwa Wayuda waliotekwa wakapelekwa Babeli, na wote tunaijua kwa mstari mmoja tu. "Maana nayajua mawazo ninayowawazia ninyi, asema Bwana, ni mawazo ya amani wala si ya mabaya, kuwapa ninyi tumaini siku zenu za mwisho." Uko kwenye stetasi, kwenye kadi za harusi, kwenye fulana, mtu akienda intavyuu ya kazi anatumiwa mstari huo. Sina ugomvi nao kabisa, naupenda. Ila ukiusoma na mstari wa 10 uliotangulia unakuta neno miaka sabini, yaani watu wanaoandikiwa barua hii wengi wao watakufa hukohuko Babeli kabla hayo mawazo ya amani hayajatimia. Hiyo hakuna anayeiweka kwenye fulana.

Na hilo hata komentari hauhitaji, ni kusoma tu mstari wa juu yake. Komentari inaanza kazi pale unapojiuliza hii barua ilifikaje huko, na kwa nini Yeremia aliona lazima aandike. Jibu liko sura ya 28, ambapo nabii Hanania anasimama hekaluni mbele ya makuhani na watu wote anasema ndani ya miaka miwili tu vyombo vya hekalu vitarudi, mfalme Yekonia atarudi, mateka wote watarudi. Anaichukua nira iliyokuwa shingoni mwa Yeremia, ishara ya kumtumikia mfalme wa Babeli, anaivunja mbele za watu. Fikiria sasa, wewe umechukuliwa mateka mwaka 597 kabla ya Kristo, uko ugenini, unasikia kuna nabii kasema miaka miwili, halafu inakuja barua ya mwingine inasema jengeni nyumba, pandeni bustani, oeni, zaeni, uombeeni amani mji uliowateka. Mimi ningemchukia Yeremia, kweli kabisa.

Tena barua haikwenda kwa siri. Mstari wa 3 unasema ilibebwa na Elasa mwana wa Shafani na Gemaria mwana wa Hilkia, waliotumwa na mfalme Sedekia kwa Nebukadreza mfalme wa Babeli. Majina kama haya wengi tunayaruka, nayaelewa mashaka ya mtu anayeyaruka, lakini wafafanuzi wanasimama hapo na kukuuliza huyo Shafani ni nani. Kuna Shafani mwandishi, yule aliyemsomea mfalme Yosia kitabu cha torati kilichookotwa hekaluni. Mwanawe Ahikamu ndiye aliyemkinga Yeremia asiuawe sura ya 26. Mwanawe mwingine, naye anaitwa Gemaria, chumba chake ndo Baruku, mwandishi wa Yeremia, alisomea gombo sura ya 36. Sasa kama huyu Elasa ni wa nyumba hiyohiyo, na wengi wanaona ndivyo, basi barua ya Yeremia ilisafiri ndani ya msafara rasmi wa serikali mikononi mwa familia ya wakubwa waliokuwa wanamuunga mkono kwa miaka. Kumbe yule nabii tuliyefundishwa kwamba alikuwa mpweke analia tu alikuwa na watu wake ikulu! Hili peke yake limenibadilishia sura nzima, sasa nikisoma nasikia siasa kila mstari.

Sasa nije kwenye maprofesa. Mwaka 1986 ulikuwa mwaka wa ajabu kwa kitabu cha Yeremia, zilitoka komentari tatu kubwa mwaka mmoja. William Holladay alitoa juzuu lake la kwanza, Robert Carroll akatoa lake moja nene la kitabu chote, na William McKane akatoa juzuu la kwanza (Holladay akamalizia la pili 1989, McKane 1996, mzee hakuwa na haraka). Kitabu ni kilekile, Kiebrania ni kilekile, wote wamekisomea miaka na miaka, na hawaelewani karibu kwenye jambo la msingi kuliko yote, yaani tunaweza kumjua Yeremia mwenyewe au hapana.

Holladay anasema tunaweza, tena anakupangia maisha yake mwaka kwa mwaka. Anashikilia kwamba ule mwaka wa kumi na tatu wa Yosia, 627 hivi, ni mwaka Yeremia aliozaliwa, sio mwaka alioanza kuhubiri kama wengi wanavyousoma. Carroll yeye yuko mbali kule, anaona tulichonacho ni kazi ya jamii za baadaye zilizokuwa na mahitaji yao, na Yeremia wa kihistoria kafichika nyuma ya maandishi hata kumfikia ni shida. Halafu McKane katikati, na huyu ndo kanishika, anasema kitabu kilikua polepole kipande kwa kipande, andiko fupi linavuta maelezo, yale maelezo yanaingia ndani yanakuwa andiko, nayo yanavuta maelezo mengine. Hebu tulia na hiyo wazo kidogo. Maana yake ni kwamba ufafanuzi haukuanza na maprofesa, ulianza humohumo ndani ya Biblia, waandishi waliomhifadhi Yeremia walikuwa tayari wanamfafanua.

Najua kuna wapendwa wakifika hapa wanaanza kutikisa kichwa. Nimeambiwa mara nyingi kwamba Roho Mtakatifu anatosha, haya mambo ya wasomi yanapoza imani. Mimi siamini hivyo, na nasema bila kumdharau mtu. Mtu anayekuambia yeye hasomi ufafanuzi wowote anasoma Biblia tu, msikilize akihubiri, atakupa ufafanuzi wa mtu mwingine aliousikia mahali na hajui umetoka wapi. Mfano ni ule wa ngamia na tundu la sindano, lile lango dogo la Yerusalemu ambalo eti ngamia alilazimika kupiga magoti na kushushwa mizigo ndo apite. Unahubiriwa kila mahali, na hakuna ushahidi wowote wa wakati wa Yesu kwamba lango hilo lilikuwepo. Huo ni ufafanuzi tayari, tena mbovu, tofauti ni kwamba hauna jina la mtu wa kumuuliza.

Komentari nzuri angalau inakuonyesha kazi yake. Ule mfululizo wa Word Biblical Commentary kwa mfano unakuja na mpangilio uleule kila kifungu, orodha ya vitabu, tafsiri ya mwandishi mwenyewe, noti za maandishi ya kale, muundo na mazingira, maoni ya mstari kwa mstari, halafu mwisho ndo maelezo ya maana. Watu wengi wanaruka wanakimbilia huko mwisho. Nawaelewa, ila utamu uko kwenye noti ndogondogo zile zenye herufi za kuchosha macho.

Ngoja nionyeshe moja. Shika Biblia yako soma mstari wa 15, watu wanasema Bwana ametuinulia manabii huko Babeli. Sawa, unategemea sasa tuambiwe habari za hao manabii. Lakini mstari wa 16 unageuka ghafla kwenda Yerusalemu, kwa mfalme aliyekaa kiti cha Daudi na watu waliobaki mjini, upanga, njaa, tauni, tini mbovu zisizolika, inaendelea hivyo mpaka wa 20. Halafu wa 21 ndo unarudi Babeli kwa Ahabu mwana wa Kolaya na Sedekia mwana wa Maaseya, wale manabii wa uongo ambao mfalme wa Babeli aliwachoma moto. Ukitoa 16 mpaka 20, wa 15 na wa 21 vinashikana kabisa kama havijawahi kutenganishwa. Na sasa sikia, kwenye Septuajinti, ile tafsiri ya kale ya Kigiriki, hiyo mistari mitano haipo. Haipo kabisa! (Ukiitafuta huko ujue namba za sura zimehama, hii yetu ya 29 kule ni ya 36.)

Na si hiyo mitano tu, Yeremia wote wa Kigiriki ni mfupi kuliko wa Kiebrania kwa kama sehemu moja kwa saba au nane hivi. Zamani ilikuwa rahisi kusema mtafsiri alikuwa mvivu akakata. Halafu pango la 4 la Qumran, kule karibu na Bahari ya Chumvi, likatoa vipande vya Yeremia vya Kiebrania vinavyofuata ule mtindo mfupi, ikaonekana kumbe Yeremia mfupi alikuwepo kwa Kiebrania pia, mtafsiri hakubuni. Kwa hiyo kuhusu mistari yetu mitano kuna kambi mbili. Moja inasema iliongezwa baadaye kwenye toleo refu, ndo maana inakatiza habari. Nyingine inasema hapana, ilikuwepo, mwandishi aliyekuwa ananakili aliiruka, kwa sababu kwa Kiebrania mstari wa 15 na wa 20 yote inaishia na neno lilelile, kwenda Babeli, jicho likatoka la kwanza likatua la pili. Yeyote aliyewahi kunakili kitu kirefu kwa mkono anajua hilo linatokeaje.

Nikaenda kwa wazee nione walifanyaje, maana wao kupatikana kwenye simu ni rahisi, haki za kuchapa zilishaisha siku nyingi. John Calvin, yule mwanamatengenezo wa Geneva, kwenye mihadhara yake ya Yeremia, ilichapwa 1563, hana habari za Qumran bila shaka, lakini anafuatilia hoja ya nabii kwa utulivu ambao siupati kwa wa sasa, na kila mhadhara unaishia na sala fupi, kitu ambacho nimekizoea hadi nikimaliza McKane nahisi kuna kitu kimekosekana. Matthew Henry, mfafanuzi wa zamani wa Kiingereza, naye anakulisha, ukitaka neno la kukusimamisha asubuhi nenda kwake, ila ukitaka kujua kwa nini mstari wa 16 umekaa hapo hatakusaidia. (Na wengi hawajui kwamba yeye alifariki 1714 akiwa kafika Matendo ya Mitume, kuanzia Warumi mpaka Ufunuo wamemalizia wengine, kwa hiyo ukisema Matthew Henry kasema hivi kuhusu Waefeso, hmm.)

Lakini hata wa 1986 wanazeeka. Kuna mabamba ya udongo ya Babeli yaliyojulikana tangu 1939 yanayoorodhesha mgao wa mafuta kwa Yekonia mfalme wa Yuda na wanawe watano, hayo walikuwa nayo. Ila lile kundi jingine, la kijiji kilichoitwa Mji wa Yuda hukohuko Babeli, chapisho lake kubwa limetoka 2014. Mabamba ya kwanza ni ya mwaka 572 kabla ya Kristo, na yamejaa mambo ya kawaida kabisa, Wayuda wanakodi mashamba, wanakopeshana, wanalipa kodi, wanarithishana. Nilipokutana na hayo nikarudi mstari wa 5, "Jengeni nyumba, mkakae ndani yake, kapandeni bustani, mkale matunda yake", na nikawaona watu walioifanya hiyo kitu, wana majina na madeni. Siwezi kusema walikuwa wanaitii barua ya Yeremia, labda walikuwa wanaishi tu kama binadamu yeyote anavyoishi, lakini ndivyo walivyoishi.

Na ile sabini? Hapo ndo kuna ugomvi mtamu kweli. Ukihesabu kutoka 605 kabla ya Kristo, vita vya Karkemishi ambapo Babeli iliipiga Misri, mpaka Babeli ilipoanguka 539 unapata 66. Ukihesabu toka hekalu kubomolewa mpaka kujengwa upya inakaribia sabini sawasawa, lakini barua haizungumzii hekalu, inasema sabini ya Babeli. Wengine wanaona ni namba ya umri wa mtu, kama Zaburi 90 inavyosema. Halafu kuna maandishi ya Esarhadoni mfalme wa Ashuru, yanasema mungu Marduki aliandika miaka sabini ya Babeli kuwa ukiwa, kisha akaonea huruma akaigeuza namba juu chini ikawa kumi na moja, maana kwa alama zao za kuandika sabini ikipinduliwa inasomeka kumi na moja. Kwa hiyo miaka sabini ya ghadhabu juu ya mji ilikuwa lugha inayojulikana eneo lile kabla ya Yeremia hajazaliwa, hata tukitumia tarehe za Holladay. Mimi hii imenisaidia kuacha kalkuleta. Waliosikia sabini walielewa sio wewe, ni wajukuu zako.

Kuhusu ile mistari mitano bado sijatua. Wiki iliyopita nilikuwa upande wa waliosema jicho liliruka, leo nikisoma tena zile tini mbovu naziona zimetoka moja kwa moja sura ya 24, jambo ambalo linanuka kazi ya mtu aliyekuwa anamfafanua Yeremia kwa Yeremia, vilevile McKane anavyosema. Na bado sijagusa Shemaya Mnehelami mwishoni mwa sura, yule aliyepata barua akaandika yake Yerusalemu kulalamika kwamba mbona Yeremia hajatiwa mkatale mpaka sasa. Carroll ana kurasa zake hapo, nimeziwekea alama.