Mama ameacha kupara samaki

Jioni hii nimekaa jikoni na mama. Yeye anapara samaki, mimi namsimulia habari za Leymah Gbowee wa Liberia.

Vita vilipoanza kwao, 1989, alikuwa binti wa miaka 17. Baadaye akawa anawasaidia watoto waliotumikishwa kama askari. Mwaka 2003 akaongoza wanawake, Wakristo kwa Waislamu, wakaketi karibu na soko la samaki Monrovia wamevaa nyeupe. Jua lao, mvua yao. Wanadai amani.

"Soko la samaki?" mama akauliza, akatabasamu. Ametulea kwa samaki huyu.

Simulizi yangu ikafika Accra, Ghana. Mazungumzo ya amani ya Liberia yamekwama wiki kwa wiki, na nyumbani watu wanakufa. Akina mama wakaziba mlango wa ukumbi, wakashikana mikono, wajumbe wasitoke. Walinzi walipokuja kumkamata, Leymah akaanza kuvua nguo.

Hapo kisu kikasimama.

Mama kimya. Magamba yamemganda mikononi, maji ya bomba yanamwagika tu.

Kisha taratibu: "Mwanangu, mama hafiki hapo mpaka awe ameshazika."

Sikuhitaji kumweleza laana ya mama kujivua nguo mbele ya wanaume. Anaijua.

Nikamwambia mkataba ulitiwa saini Agosti 2003, na Nobeli ya Amani ikaja 2011. Tuzo hata hakuiulizia. Aliuliza: "Na wale wenzake, walirudi kwa watoto wao?"

Bado naliwaza swali hilo.

Ndugu zangu, mama zenu wangesemaje? Wasimulieni leo, kisha mniandikie hapa.