Nishati mwendo karibu na kasi ya nuru

Wanafunzi wangu wa sekondari hapa Jinja hutafuta nishati mwendo, yaani nishati ambayo kitu kinayo kwa sababu kinakwenda, kwa kuzidisha nusu ya tungamo kwa mraba wa kasi, na kwa basi linalokwenda Kampala kanuni hiyo inatosha kabisa. Hata hivyo, kitu kinapofikia asilimia 99 ya kasi ya nuru, nishati mwendo yake halisi huwa zaidi ya mara 12 ya ile inayotolewa na kanuni hiyo.

Jaribio ninalolipenda ni la William Bertozzi wa Marekani, lililochapishwa mwaka 1964, ambamo alipima muda wa safari ya elektroni pamoja na joto zililoliachia bamba la alumini zilipoligonga: nishati iliendelea kuongezeka, ilhali kasi iliikaribia ile ya nuru bila kuifikia. Nishati sahihi hupatikana kwa kutoa 1 katika kigawo cha Lorentz (namba iliyo 1 kitu kikiwa kimetulia, na inayoongezeka kadiri kasi yake inavyoikaribia ile ya nuru), kisha kuzidisha jibu kwa tungamo na kwa mraba wa kasi ya nuru. Na kigawo hicho (ambacho, kwa maoni yangu, kingefaa kufundishwa mapema zaidi) hukua bila kikomo. Katika mtambo mkubwa wa kuongeza kasi ya chembe wa CERN, maabara ya Ulaya ya fizikia ya chembe iliyo karibu na Geneva, nishati mwendo ya protoni moja huzidi mara 7,000 ya nishati iliyo nayo ikiwa imetulia.