Kwenda Browning na Binti Yangu

Tulitoka Missoula, Montana, hapa Marekani, kabla hakujapambazuka, mimi na binti yangu wa miaka 11, tukashika barabara namba 93 kuelekea kaskazini. Kwetu ni Fizi, Kongo. Yeye alizaliwa kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, Kigoma. Kiswahili anakimudu vizuri. Kibembe cha bibi yake hakijui, na hilo ndilo lililonifanya nifunge safari.

Mambo yalianzia Januari 2024, Lily Gladstone alipopewa tuzo ya Golden Globe ya mwigizaji bora wa kike. Alipanda jukwaani akaanza kwa lugha ya Wablackfeet, wenyeji wa asili wa Amerika, watu wa kwao huko Browning alikokulia, akajitambulisha kuwa ni Mwanamke Tai. Sebuleni kwetu kila mtu alinyamaza. Kisha akaeleza kwamba zamani Hollywood wenyeji wa asili walisema maneno yao kwa Kiingereza, halafu mafundi wa sauti wakayageuza nyuma mbele ili yasikike kama lugha yao.

"Kwa hiyo hawakuwa wanasema kitu, mama?" binti yangu akauliza.

Hawakuwa wanasema kitu, mwanangu.

Baada ya Arlee vibao vya barabarani vilianza kuonyesha majina kwa Kisalish, lugha ya wenyeji wengine wa asili, pamoja na Kiingereza. Binti yangu alivihesabu mpaka ziwani Polson. Kalispell, alikozaliwa Lily, tulisimama kujaza mafuta tu. Kutoka hapo ni milima, theluji pembeni, hadi njia ya mlimani ya Marias, kama mita 1,590 hivi juu ya usawa wa bahari, na ghafla milima ikaisha, nyika ikafunguka.

Mpakani mwa ardhi ya Wablackfeet wamesimama mashujaa wawili juu ya farasi. Wametengenezwa na Jay Laber, msanii wa hukohuko, kwa vyuma vya magari yaliyoharibiwa na mafuriko ya 1964. Binti yangu aliweka kiganja kwenye mguu wa farasi. Kikatoka na kutu nyekundu. Upepo ulitusukuma hadi tukashikana mikono.

Browning ni mji mdogo. Kwenye jumba la makumbusho, lililofunguliwa 1941, mama mmoja mtu mzima alitusalimu: "Oki." Binti yangu akaitikia "Oki" bila kusita, na yule mama akacheka kwa furaha. Akamuuliza sisi nyumbani tunasema lugha gani. Kiswahili, akajibu. Na bibi yako je? Hapo mtoto akanitazama mimi.

Niliona aibu, nakiri. Lily alisema mama yake, ambaye si Mblackfeet, alihangaika mpaka lugha hiyo ikaingia darasani, binti yake akapata mwalimu. Mimi Kibembe ninacho mdomoni, na sikumpa mtoto. Lily huyo alijifunza hata Kiosage, lugha isiyo yake, ili katika filamu iliyompa tuzo ile amwigize Mollie Burkhart, mwanamke ambaye ndugu zake waliuawa Oklahoma kwa ajili ya fedha za mafuta.

Wakati wa kurudi, binti yangu aliomba simu, akamrekodia bibi: "Bibi, ukiamka unifundishe salamu ya Kibembe, lakini polepole."

Tulifika Polson usiku. Nyarugusu kulikuwa kumekucha. Jibu likaingia, sauti ya bibi na jogoo nyuma yake. Binti yangu alilisikiliza mara ya kwanza, ya pili, ya tatu, kisha akaniomba nizime redio.