Ngazi 486 na Dagaa wa Mwanza

Mwenyeji wangu anaishi Nagaoka, mkoa wa Niigata, Japani. Tulisoma naye bweni Tabora. Kutoka Tokyo shinkansen, treni ya mwendo kasi, ingenifikisha kwake chini ya saa mbili, ila nauli yake ukiigeuza shilingi unaona kizunguzungu. Akanishauri nipande treni za kawaida hadi Minakami, nibadilishe, kisha nishuke stesheni ya Doai, chini ya mlima Tanigawa. "Shuka hapo, ndugu yangu, nitakupokea na gari. Stesheni nzuri sana, watu wanaifuata kutoka mbali kuipiga picha." Hayo ndiyo maelezo yote niliyopewa.

Kati ya stesheni ya Ueno, Tokyo, na Minakami sina la kusimulia, nililala. Baada ya kubadilisha, treni haikuchukua muda ikaingia ndani ya mlima, ikasimama humo humo kwenye handaki. Tulioshuka ni mimi na mzee mmoja mwenye buti na fimbo za wapanda milima. Huku nje ilikuwa Julai, joto la mkoa huo wa Gunma halina mzaha; humo chini baridi kama friji, maji yanachuruzika, na mimi na shati langu la mikono mifupi. Nikatafuta lifti. Nikatafuta ngazi za umeme. Mbele yangu zilinyooka ngazi za zege tu, zinapanda na kupanda hadi huko juu mwanga unaonekana kijidoa.

Ngazi 462, mita 338 za mteremko mmoja. Ukizimaliza unakuta nyingine 24 kabla ya mlango, jumla 486. Na mkononi nina begi la magurudumu, limejaa unga wa sembe na dagaa wa Mwanza, vitu alivyoviagiza huyo huyo mwenyeji! Ubavuni mwa ngazi pameachwa nafasi pana iliyokusudiwa ngazi za umeme, ambazo hazikuwekwa hadi leo. Hilo liliniuma kuliko urefu wenyewe. Wangekuwa hawakufikiria kabisa, ningewasamehe.

Mzigo wa mwenzio, wahenga walisema, ni kanda la usufi. Yule mzee aliniangalia nikiburuta, akasema maneno ambayo sikuyaelewa, akalishika begi kwa chini. Nikakataa, akang'ang'ania. Tukapanda hivyo, mimi mbele yeye nyuma, ngazi tano halafu sakafu fupi, tano tena, sakafu, na namba zilizoandikwa kwenye ngazi zikinikumbusha jinsi nilivyokuwa bado mbali. Aliyekuwa anahema ni mimi. Yeye alikuwa na umri wa babu yangu na alikuwa bado ana mlima mzima wa kupanda.

Njiani kuna benchi la kupumzikia. Tulipokaa alinusa hewa, akalitazama begi, akacheka. Nikafungua zipu, nikamwonyesha. Wajapani nao hukausha visamaki vidogo vya kuchemshia supu, kwa hiyo dagaa hawakumshangaza hata kidogo. Alichukua wawili, akawatafuna na vichwa vyao, akanyoosha kiganja aongezwe. Akanipa tonge lake la wali lililofungwa kwa mwani. Nilipotoa noti ya yeni alirudi nyuma kana kwamba nimemtukana.

Kwetu mtu angekuwa ameshalidaka begi kabla sijagusa ardhi, na bei tungegombania mbele ya safari. Ukisimama Mlimba kwenye reli ya TAZARA, treni ichelewe itakavyo, madirishani kuna ndizi, kuna mayai, kuna mama wa wali na samaki anayekuita mwanangu. Nimewahi kulalamika juu ya kelele hizo. Doai haina mfanyakazi tangu 1985. Treni ni chache mno kwa siku, na ukiikosa moja unakaa saa kadhaa ukisikiliza maji.

Juu nilimkuta mwenyeji wangu ameegemea gari, anakunywa kahawa ya kopo. Salamu yake ya kwanza: dagaa wamefika salama? Ya pili ikawa hesabu ya ushuru wa barabara kuu hadi Nagaoka, ambao alitaka tuchangie.

Nilimuuliza ni mhandisi gani alizika stesheni namna ile. Akasema reli ya kwanza, ya 1931, ilipita juu kabla ya kuingia handaki lake. Ya pili ilichimbwa chini zaidi, ikafunguliwa 1967, nayo ndiyo inayobeba treni za kwenda Niigata. Za kurudi Tokyo bado zinasimama pale pale juu, hatua chache kutoka mlangoni.

"Kumbe ningekuja moja kwa moja hadi kwako, halafu Doai nikaiona wakati wa kurudi, bila kupanda ngazi hata moja ya zile?"

Akaanza kuangalia ramani kwenye simu kana kwamba kapotea, na pale barabara ni moja tu.