Nilivyoungama na kuhudhuria Siku Tatu Kuu katikati ya oda za Pasaka

Ukiondoa Desemba, wakati Wachaga walioko mbali wanaporudi nyumbani, sisi mafundi cherehani wa Moshi mjini hatuna kipindi chenye kazi nyingi kama wiki za mwisho za Kwaresima. Watoto wanashonewa nguo za sikukuu, kwaya zinataka sare mpya, na kila mteja anataka nguo yake kabla ya Jumamosi Kuu. Kwa miaka kadhaa Pasaka ilinikuta kibarazani nikitia vifungo, sijaungama wala sijahudhuria ibada, ingawa amri za Kanisa zinatutaka tuungame walau mara moja kwa mwaka na kupokea Ekaristi wakati wa Pasaka. Mwaka jana niliamua kwamba toba itangulie oda.

Wengi husubiri Juma Kuu ndipo waungame, na hapo foleni huzunguka kanisa wakati mapadre ni wawili tu. Aliyekaa muda mrefu bila kuungama hawezi kujieleza vizuri huku nyuma yake watu wakikohoa kwa kuchoka. Kwa hiyo nilimfuata paroko msaidizi baada ya Misa ya asubuhi siku ya kazi, Kwaresima ikiwa bado katikati, nikamweleza kwamba nimekaa miaka bila kitubio na kwamba nahitaji nafasi. Hakushangaa hata kidogo. Akaniambia nije Ijumaa, kabla ya Njia ya Msalaba.

Katika kutafuta moyoni, yaani kuzichunguza dhambi zangu kabla ya kuungama, kilichonisaidia kuliko karatasi yenye maswali ilikuwa daftari langu la oda. Kila ukurasa una tarehe niliyomwahidi mteja na tarehe aliyochukua nguo, na kati ya hizo mbili ndipo zilipokaa «njoo kesho» zangu zote, nyingine nilizozitamka wakati kitambaa hakijakatwa. Kanisa linadai dhambi za mauti, yaani zile nzito, ziungamwe kwa aina na kwa idadi kadiri mtu anavyokumbuka. Sikuwa na hakika kwamba uongo wangu wote ulifikia uzito huo, lakini kwa kuwa ushahidi niliuandika kwa mkono wangu mwenyewe, niliona heri niutaje wote.

Jambo zito zaidi halikuwa katika daftari, lilikuwa katika kiroba chini ya meza. Mteja akileta kitenge cha yadi sita na gauni lake likatumia nne, zile mbili zilizobaki ni zake. Mimi nilikuwa nazishonea mikoba na vilemba na kuviuza. (Ninayasimulia haya kwa hiari yangu, maana siri ya kitubio inamfunga padre, hainifungi mimi.) Nilipiga magoti, nikasema, «Unibariki, Padre, kwa kuwa nimekosa,» nikataja muda niliokaa, kisha nikamwomba anisaidie kwa maswali pale nitakapokwama. Aliniuliza moja tu: «Hivyo vipande, mwanangu, wenyewe bado unawajua?» Nikamjibu kwamba baadhi yao nawajua. Malipizi yangu yakawa kusali Zaburi ya 51, kurudisha kwa wenyewe vile ninavyoweza kuvirudisha, na thamani ya vilivyobaki kuwapa maskini kupitia jumuiya yetu. Nikasali sala ya kutubu, naye akaniondolea dhambi.

Kurudisha kulikuwa kugumu kuliko kuungama. Mama mmoja wa Majengo alipokea kipande chake, akakikunjua, akaniuliza, «Fundi, unaumwa?» Mwingine alidai na cha mwaka uliotangulia, na alikuwa na haki.

Baada ya hapo, ratiba ya Siku Tatu Kuu, yaani Alhamisi Kuu hadi Pasaka, haikuwa na fumbo. Nilitangaza kwamba baada ya Jumapili ya Matawi sipokei kitambaa kipya, nikaandika tangazo hilo kwa chaki ukutani, na waliokasirika wakaenda kwa fundi wa jirani. Alhamisi Kuu nilifunga mapema, nikashuhudia kuoshwa kwa miguu na Ekaristi ikihamishwa hadi mahali ilipoandaliwa, altare ikabaki tupu. Ijumaa Kuu hakuna Misa. Saa tisa alasiri tulisikiliza Mateso ya Bwana kadiri ya Yohane, tukasali zile sala kuu zinazowaombea watu wa kila namna, tukauabudu Msalaba na kupokea Komunyo iliyowekwa wakfu siku iliyotangulia. Kufunga siku hiyo kunawahusu wenye umri wa kuanzia miaka 18 hadi kuanza mwaka wa 60, hivyo na mimi nilihusika, na kwa kuwa cherehani ilikuwa imefunikwa, njaa haikuniudhi.

Jumamosi niliwakabidhi wateja nguo zilizokwisha kupigwa pasi. Jioni, pamoja na mvua ya masika, moto wa Vijilia, yaani kesha la Pasaka, uliwaka nje ya kanisa, mshumaa wa Pasaka ukawashwa, tukaingia gizani tukijibu «Tumshukuru Mungu» kila shemasi alipoimba «Mwanga wa Kristo». Masomo ya Vijilia hufikia tisa kwa jumla, saba yakiwa ya Agano la Kale. Kwa mara ya kwanza baada ya miaka mingi niliyasikia yote bila kusinzia, nikapanga mstari wa Komunyo nyuma ya watoto waliovaa nguo nilizoshona, mmoja wao kola ikiwa imekaa upande. Nilimwita mama yake baada ya Misa, nikamwambia ailete Jumatatu niirekebishe bure.